Kuongeza wati za hita ya maji: elementi ndiyo ya mwisho kubadilishwa

Swali: Habari za kazi, mtaalamu. Nyumbani tuna hita ya tangi la lita 80, elementi yake ni ya wati 1500, umeme wetu ni volti 230. Tuko watu sita. Asubuhi wanne wa kwanza wanaoga vizuri, wa tano anapata vuguvugu, wa sita anaoga ya baridi. Tukisubiri tangi lipate moto tena inatuchukua muda wa karibu saa mbili. Thamostati tumeiweka nyuzi 50. Fundi anasema tuweke elementi ya wati 3000, ni kufungua na kufunga tu, kwa sababu hita imechomekwa kwenye soketi ya ukutani kwa plagi ya ampia 13, na wati 3000 ni ampia 13, kwa hiyo inaingia. Je, ni salama?

Jibu: Nzuri, ndugu yangu. Kwa kifupi, usikubali elementi hiyo ifungwe huku hita ikiwa bado kwenye plagi. Wati 3000 kwa tangi la lita 80 si kitu cha ajabu, hita za namna hiyo zipo tele. Ila kati ya mita yako ya umeme na hayo maji kuna vifaa kadhaa, na kila kimoja kilichaguliwa kikijua kwamba kitabeba wati 1500. Fundi wako hesabu yake si ya uongo. Ameifanya nusu.

Kabla sijaingia kwenye nyaya, tuangalie kwanza kama kweli unahitaji wati hizo, maana ulivyoeleza tatizo lako unanitia shaka.

Kupandisha joto la lita 1 ya maji kwa nyuzi 1 ya Selsiasi hula takriban wati-saa 1.16 za umeme (yuniti moja ni wati-saa 1000). Maji yakiingia kwenye tangi yakiwa na nyuzi 20 na wewe ukiyataka yafike 50, lita 80 zinapanda nyuzi 30, yaani 80 mara 30 mara 1.16, ambayo ni kama yuniti 2.8 za umeme. Elementi ya wati 1500 itazimaliza kwa muda wa saa 1 na dakika 52 hivi. Wewe umesema karibu saa mbili. Basi elementi yako ni nzima na inatoa kila wati iliyoandikwa juu yake. Ungeniambia saa tatu, ningekuuliza kwanza habari za volti, kwa sababu nguvu ya elementi hushuka kwa kasi kuliko volti zenyewe: umeme ukishuka kutoka 230 hadi 200, wati 1500 zinabaki kama 1130. Wapo watu wanaobadilisha elementi mara mbili mbili wakati ugonjwa uko kwenye laini.

Hapo hapo niondoe jambo moja linalorudiwa sana, kwamba ukoko wa chokaa kwenye elementi "hupunguza nguvu" ya hita. Hapana. Umeme uliokwisha kuingia kwenye elementi hauna pa kwenda isipokuwa kwenye maji, ukoko uwepo usiwepo. Kinachotokea ni kwamba elementi, ili isukume joto lake kupita kwenye lile gamba, inalazimika yenyewe kuwa ya moto zaidi. Inaanza kulia na kutokota, halafu siku moja inapasuka. Ukoko unaua elementi mapema, lakini hauwezi kueleza kwa nini mtu wa sita anaoga maji ya baridi.

Kinachoeleza ni hesabu ya mchanganyiko. Maji ya kuoga huwa nyuzi 40 hivi. Kwenye tangi la nyuzi 50, ili upate 40 unachanganya sehemu mbili za moto na sehemu moja ya baridi, kwa hiyo lita 80 zinakupa lita 120 za kuogea kwa karatasi. Kwa vitendo hazitoki zote, kwa sababu kila lita inayotoka juu inasukumwa na lita ya baridi inayoingia chini, na mwishoni mwa tangi yale mawili yameshachanganyika. Wakati huo elementi nayo inaendelea kufanya kazi: wati 1500 hupasha takriban lita 1 kwa dakika kutoka nyuzi 20 hadi 40. Mtu akitumia lita 30, wanne wa kwanza wamekula 120, na wa tano anakuta mabaki. Hivyo ndivyo ulivyosema wewe mwenyewe.

Sasa pandisha thamostati hadi 60. Mchanganyiko unakuwa nusu kwa nusu, na lita zilezile 80 zinazaa 160. Ipandishe hadi 65, zinazaa 180. Hujagusa waya hata mmoja. Bei yake ni muda: tangi litahitaji kama saa 2 na dakika 48 kufika nyuzi 65 likianza na maji ya nyuzi 20, kwa hiyo liwashwe mapema, au liwekewe saa ya kuwasha lenyewe alfajiri. Watu sita wanaooga mfululizo mara moja kwa siku, mimi ningejaribu hili kwa wiki moja kabla ya kumwita fundi. Kichwa cha bomba la mvua kinachopitisha maji machache nacho husaidia kuliko watu wanavyodhani, maana ukimpunguzia kila mtu lita 8 umepata maji ya kumtosha mtu mmoja zaidi.

Ila kuna sharti hapa ambalo silegezi. Maji ya nyuzi 60 huunguza ngozi ya mtu mzima kwa sekunde chache tu, na ya mtoto upesi zaidi. Ukipandisha tangi, funga valvu ya kuchanganya yenye thamostati yake kwenye bomba linalotoka, iliyopangwa nyuzi 45 au chini kidogo, ili hata mtoto akifungulia upande wa moto peke yake asiungue. Na usiogope kuhifadhi maji kwenye nyuzi 60, maana hapo ndipo bakteria wa Legionella, wanaoleta ugonjwa wa mapafu, wanapokufa; maji ya vuguvugu yanayokaa tangini ndiyo wanayoyapenda.

Wati 3000 zinaanza kuwa na maana pale tangi linapotumika mara mbili au tatu kwa siku bila nafasi ya kupumua, au pale umeme unapopatikana kwa saa chache tu. Hapo kasi ya kupasha ndiyo shida, wala si ujazo. Lita 80 kutoka nyuzi 20 hadi 60 kwa wati 1500 ni kama saa 2 na nusu. Kwa wati 3000 ni saa 1 na robo. Na kabla hujauliza: bili haiongezeki mara mbili. Maji yaleyale yanahitaji yuniti zilezile, yanazipata tu kwa haraka. Bili ikipanda, jua watu wameanza kukaa bafuni.

Tuseme sasa umejaribu hayo na bado unazitaka wati 3000.

Hesabu ya fundi: 3000 gawanya kwa 230 ni ampia 13. Ya zamani, 1500 gawanya kwa 230, ni ampia 6.5. Mkondo umekuwa mara mbili. Nusu ya hesabu aliyoiacha ni hii: joto linalozaliwa kwenye kila kiungo, kila skrubu na kila mguso wa chuma kwa chuma haliongezeki mara mbili. Linaongezeka mara nne, kwa sababu linafuata mkondo uliozidishwa kwa wenyewe. Chukua skrubu iliyolegea kidogo, yenye ukinzani wa omu 0.05, kitu ambacho tesita ya kawaida haitakuonyesha. Kwa ampia 6.5 inazalisha wati 2, na inaweza kuishi hivyo miaka mingi bila mtu kujua. Kwa ampia 13 inazalisha wati 8 na nusu, mahali padogo pasipozidi ncha ya kidole, ndani ya plastiki, bila hewa. Plastiki inakauka, skrubu inazidi kulegea, ukinzani unapanda, joto nalo linapanda. Kwa hiyo nyumba inaweza kukaa salama na hita kwa muda mrefu, halafu ikaungua miezi michache baada ya "maboresho".

Ndiyo maana ninaikataa plagi. Utaniambia birika la umeme la wati 3000 nalo linachomekwa kwenye soketi hiyohiyo. Ni kweli, lakini birika linachemsha maji yake kwa dakika tatu au nne kisha linapumzika. Hita itavuta ampia 13 kwa saa nzima na zaidi, kila siku, kwenye plagi iliyo kwenye ukomo wake bila akiba yoyote. Ndani ya plagi kuna fyuzi ambayo nayo hutoa joto, na miguu ya plagi inashikwa na vibati vya chuma ndani ya soketi ambavyo vikipata moto mara kwa mara hupoteza mkazo. Ukitaka kujua hali yako ilivyo hata sasa, zima hita ikiwa imetoka kufanya kazi, chomoa plagi, uangalie. Mguu mmoja ukiwa umegeuka rangi kuwa kahawia au bluu, au uso wa soketi ukiwa umefanya manjano kuzunguka tundu moja, soketi hiyo imekwisha hata kwa wati 1500. Na ukisikia harufu kama ya samaki karibu na soketi wakati hakuna aliyepika samaki, zima kwenye breka hapohapo. Baadhi ya plastiki za vifaa vya umeme hunuka hivyo zikipata joto kupita kiasi.

Hita ya wati 3000 inataka saketi yake yenyewe, kutoka kwenye boksi la breka hadi kwenye hita, bila kushirikiana na soketi wala taa. Tembea na fundi kuanzia kwenye mita.

Kwenye mita na swichi kuu, swali ni moja: vitu vyote vikubwa vikiwaka pamoja, laini yako inabeba? Jiko la umeme, pasi, mashine ya kufulia na hita, jumlisha wati zake, gawanya kwa 230, linganisha na ampia zilizoandikwa kwenye swichi kuu. Umeme wako ukitoka kwenye jenereta au inveta ya sola, hapo mara nyingi safari inaishia, kwa sababu wati 3000 zisizokatika kwa saa nzima ni mzigo mzito kwa mashine hizo.

Breka. Watu wengi hudhani breka inalinda hita. Breka inalinda waya. Kwa hiyo haichaguliwi kwa kuangalia hita peke yake, inachaguliwa iwe juu ya mkondo wa hita na chini ya uwezo wa waya. Kwa ampia 13, breka ya 16 inaweza kutosha kwa karatasi, lakini kwenye boksi lililojaa breka zenye joto huanza kukata ovyo, maana breka hupimwa kiwandani kwa joto la kawaida la nyuzi 30. Mimi huweka ya 20, na waya unaoistahili. Kanuni za umeme za Marekani zinaihesabu hita ya tangi la kawaida la nyumbani kuwa mzigo wa kudumu, na zinataka saketi yake ibebe asilimia 125 ya mkondo. Kwa ampia 13 hiyo ni 16.3. Hata kama kanuni za kwenu zinasema vingine, akiba ya kiasi hicho ni busara. Kitu ambacho hakitakiwi kutokea ni breka ya 16 kukata mara kwa mara, kisha mtu akaing'oa na kuweka ya 32 juu ya waya uleule. Huko ni kucheza na moto, tena kwa maana halisi ya neno.

Waya: wa 2.5, yaani milimita za mraba 2.5, shaba halisi, ndani ya bomba la ukutani na mahali pasipo joto kali, hubeba ampia 20 na ushee. Ukipita darini kwenye joto, ukifungwa pamoja na nyaya nyingine, au ukifunikwa na sufi ya kuzuia joto, uwezo huo unashuka, na ukizamishwa kabisa kwenye sufi unaweza kubaki karibu nusu. Kwa sababu hiyo ninapendekeza waya wa 4 kwa hita ya wati 3000. Tofauti ya gharama ni ndogo ukilinganisha na kazi ya kupasua ukuta mara ya pili. Na kama nyumba ni ya zamani yenye nyaya za alumini, usiunganishe alumini na shaba kwa kusokota; ita mtu anayeijua kazi hiyo.

Swichi ya hita iwe ya kukata laini na nyutro kwa pamoja, ampia 20, na ikae mbali na mahali maji yanapoweza kuirukia.

Halafu waya wa ethi. Hapa naomba unisikilize vizuri. Elementi ya hita ni waya mwembamba wa kupasha joto, umezungukwa na unga mweupe wa kuhami, vyote vikiwa ndani ya mrija wa chuma. Mrija ukitoboka, maji yanauingia unga, na umeme unapata njia ya kuingia kwenye maji na kwenye chuma cha tangi. Nyumba yenye ethi nzuri na kifaa cha kukata umeme unaovuja, kile cha miliampia 30, itakatika hapohapo na wewe utalalamika tu kwamba hita haiwaki. Nyumba isiyo na ethi haitakatika. Mtu atagundua tatizo akiwa amesimama kwenye maji, ameshika bomba la chuma. Kama huna ethi, au hujui kama unayo, hiyo ndiyo kazi ya kwanza kabla ya elementi yoyote, ya 1500 au ya 3000.

Tukifika kwenye hita yenyewe, fungua kifuniko (breka ikiwa imezimwa) na soma ampia zilizochapwa kwenye thamostati. Nyingi zimeandikwa ampia 15, 16 au 20, na hizo zinafaa. Zipo ndogo za ampia 10, kwa sababu mtengenezaji alikuwa na ampia 6.5 kichwani na hakuona haja ya zaidi. Ukipitisha ampia 13 kwenye thamostati ya 10, vidomo vyake vya kugusana vinatoa cheche kila vinapofungua, mpaka siku moja vinagandana na kukataa kuachana. Tangi linaendelea kupashwa. Nyuzi 70, 80, 90. Kinga ya pili ni kikatio cha joto kali, mara nyingi kile chenye kitufe kidogo chekundu cha kurudishia. Nimekuta zaidi ya mara moja kikatio hicho kimerukwa kwa kipande cha waya, eti kilikuwa "kinasumbua". Kikatio kinachokata kila mara kinakwambia thamostati imekufa.

Kinga ya mwisho ni valvu ya usalama. Maji yakipashwa kutoka nyuzi 20 hadi 60 hutanuka kwa asilimia 1.5 hivi, tangi lako la lita 80 linataka kutema karibu lita 1.2 kila linapopata moto. Kwenye hita nyingi kiasi hicho hutoka kwa matone kwenye valvu, na kwa wati 3000 matone yatakuwa ya haraka mara mbili. Usishtuke, na usije ukaziba bomba lake ili sakafu isilowe. Ifungie valvu mpira au bomba hadi kwenye mtaro, mdomo ukiwa wazi. Ndani ya tangi lililofungwa kwa shinikizo la bar 7, maji hayachemki mpaka yafike nyuzi kama 170. Tangi likipasuka katika hali hiyo, sehemu ya maji hayo hugeuka mvuke kwa mkupuo mmoja, na mvuke huchukua nafasi zaidi ya mara 1,600 ya maji. Valvu iwe nzima na iwe ya saizi inayokubali nguvu mpya. Inyanyue kishikio chake kwa mkono: maji yatoke, kisha yakome ukiachia. Ikiwa imeganda kwa chokaa, nunua nyingine kabla ya kununua elementi.

Na kibati cha hita kinasemaje? Watengenezaji wengi hutumia tangi moja kwa matoleo ya wati tofauti, kwa hiyo tafuta kwenye kitabu cha hita yako kama lita 80 hilohilo linatolewa pia na elementi ya 3000. Likiwepo, agiza elementi na thamostati za toleo hilo, na kazi inakuwa nyepesi. Lisipokuwepo, mimi nisingelazimisha. Hita nzima iliyotengenezwa kwa wati 3000 ni uamuzi bora kuliko kuigeuza hii kwa kubahatisha, na dhamana haipotei.

Kama hita yako ingekuwa ile ya kupasha maji papo hapo kwenye bomba la mvua, ningekuambia usibadilishe elementi kabisa. Ile hununuliwa nzima. Chemba yake, kiwambo chake na swichi yake ya maji vimepangwa kwa wati fulani tu.

Kuhusu elementi yenyewe: urefu uingie tangini bila kugusa ukuta wala mrija wa thamostati, uzi au flanji ifanane kabisa na ya zamani, na volti zilizochapwa ziwe zako. Hilo la volti si dogo. Elementi iliyochapwa wati 3000 kwa volti 240, kwenye 230 itatoa kama 2755, hakuna ubaya. Lakini elementi ya volti 120 ikifungwa kwenye 240 itavuta nguvu mara nne ya iliyoandikwa, na haitafika mbali. Ukiwa na chaguo, chukua ile ndefu iliyokunjwa mara mbili, kwa sababu wati zilezile zikigawanywa kwenye chuma kirefu zaidi, uso wake unakuwa na joto la wastani na chokaa haishiki upesi. Pale maji yanapokuwa magumu ndipo utaona tofauti.

Ipime kabla haijaingia tangini. Elementi ya wati 3000 kwa volti 230 inasoma omu 17 au 18 kati ya vichwa vyake viwili. Ya 1500 inasoma 35. Kati ya kichwa chochote na mwili wa chuma mita isisome kitu. Ikisoma chochote, irudishe dukani.

Kazi ya kubadilisha haina mengi. Zima kwenye breka, si kwenye swichi tu. Jaribu tesita kwenye sehemu unayojua ina umeme, pima hita, kisha rudi ujaribu tesita tena, maana tesita iliyokufa inasema kila kitu ni salama. Funga maji, acha tangi lipoe, lifungulie chini na ufungue bomba la moto ili hewa iingie. Weka gasketi mpya, usirudishe ya zamani hata ikionekana nzima. Boliti za flanji zikazwe kwa kupishana, moja huku na nyingine upande wa pili, kidogo kidogo. Tangi likiwa wazi, tazama anodi, ile fimbo ya magnesiamu inayoliwa na kutu badala ya tangi; ikiwa imeliwa na kubaki waya wa katikati, iweke mpya, kwa sababu tangi la maji ya moto zaidi linaila haraka. Kisha jaza maji, bomba la moto likiwa wazi, mpaka litoe mkondo laini usiotema hewa. Hapo ndipo unarudisha umeme. Elementi ikiwaka bila maji kuizunguka huungua kwa muda mfupi sana, na hiyo ndiyo sababu elementi nyingi mpya hufa siku ileile.

Hita ikiwa imewaka, mwambie fundi azungushe mita ya kubana kwenye waya wa laini. Ikisoma karibu ampia 13, sawa. Ikisoma 6.5, umeuziwa elementi ya wati 1500 ndani ya boksi la 3000. Baada ya saa moja gusa kwa mgongo wa kiganja uso wa breka na wa swichi ya hita: vuguvugu ni kawaida, ila pasipovumilika kuguswa pana kiungo kilicholegea. Wiki chache baadaye, breka ikiwa imezimwa, kila skrubu uliyoifungua ikazwe tena, kwa sababu shaba ikipashwa na kupozwa mara nyingi hujilegeza chini ya skrubu.